Jina Loveday: jinsi ya kulifuata mpaka lilikotoka

Mama alinipigia simu kutoka Tanga usiku, baada ya isha. Mtoto wa kaka yangu alikuwa amepata binti wiki ile, kitukuu wa kwanza wa Mama, na mkewe, ambaye ni mzaliwa wa hapa Cornwall, kusini-magharibi mwa Uingereza, alitaka mtoto aitwe Loveday kama alivyoitwa mama wa bibi yake. "Wewe ndiye shangazi, tena ndiye uliyeko huko," Mama akaniambia. "Jina hili maana yake nini? Majirani wananiuliza, nami sina la kuwajibu."

Nilikuwa ndiyo kwanza nimetoka zamu. Nikatafuta kwenye simu, nikakuta ukurasa wa majina ya watoto uliolimaliza jambo kwa mstari mmoja: siku ya mapenzi. Nikanakili, nikatuma. Mama akanyamaza siku mbili. Siku ya tatu akaniuliza, taratibu, iwapo yafaa kitukuu wake aitwe kwa jina la ile sikukuu ya wapendanao, ya kadi na maua mekundu. Moyo uliniuma. Nilikuwa nimempelekea mzazi wangu neno nisilolichunguza, na sasa neno lile limekaa kati yake na mtoto ambaye hata hajamtia machoni.

Hapa Uingereza mzazi ana siku 42 za kuandikisha kuzaliwa kwa mtoto, kwa hiyo muda ulikuwepo. Nilichofanya jioni zile naandika hapa, kwa sababu najua shangazi na bibi wengine wanaulizwa swali hilohilo kuhusu jina lililoingia kwao kwa ndoa.

Anza kwa kulisikia

Usianze na maandishi. Mtafute mtu mzima wa upande ule, mwombe alitamke mara tatu, na umuulize waliolibeba waliitwaje nyumbani. Loveday hutamkwa "Lavdei", mkazo ukiwa mwanzoni. Ile e ya katikati haisikiki kabisa. Nilikwenda kwa shangazi wa mkwe wetu, mama wa miaka themanini na kitu, anayeishi nje kidogo ya St Austell. Akanipa chai, akalitamka, kisha akasema jambo ambalo sikulipa uzito siku ile: bibi yake aliandikwa Loveday lakini hakuna aliyemwita hivyo. Aliitwa Lovdi. Na mama yake bibi huyo, kwa alivyosimuliwa, alikuwa Laudi.

Yaandike majina hayo ya nyumbani jinsi unavyoyasikia, kwa tahajia yako mwenyewe ya Kiswahili. Yatakufaa baadaye kuliko kitu kingine chochote.

Uliza limeingia kwa mlango gani

Majina ya wanawake wa Cornwall hayana asili moja, na watu wengi hupotea hapa, kwa kudhani kila jina la huku limetoka kwenye lugha ya huku.

Lugha ya wenyeji ni Kernewek, ndugu wa karibu wa Kibretoni kinachozungumzwa Ufaransa, na wa Kiwelisi pia. Ilikauka vinywani mwa watu karne ya 18. Dolly Pentreath wa kijiji cha Mousehole, aliyefariki mwaka 1777, ndiye anayekumbukwa na wengi kuwa wa mwisho kuizungumza tangu utotoni. Kisha mwaka 1904 Henry Jenner akachapisha kitabu cha kuifundisha upya, watu wakaanza kujifunza, na mwaka 2010 UNESCO iliacha kuihesabu kuwa lugha iliyokufa. Kutokana na uhai huo mpya yamekuja majina ambayo ni maneno ya kawaida: Lowena ni furaha, Kerensa ni upendo, Steren ni nyota. Ni majina mazuri, na nawapenda wazazi wanaowapa watoto wao neno la lugha iliyokaribia kuzikwa. Ila mengi ya aina hii ni ya karne ya 20, kwa hiyo usishangae ukiyakosa kwenye madaftari ya mwaka 1700.

Mlango wa pili ni watakatifu wa kale. Morwenna ana kanisa lake Morwenstow, pwani ya kaskazini. Ia ndiye aliyeupa jina mji wa St Ives. Wa tatu ni mahali: Demelza ilikuwa jina la kitongoji kabla haijawa jina la msichana, na Lamorna ni ghuba ndogo kusini. Mlango wa nne ndio uliokuwa wetu. Kuna majina yaliyoenea Uingereza nzima zamani, kwingine yakaachwa, Cornwall ikayashika. Tamsin, lililotokana na Thomasina, ni mojawapo.

Kujua mlango ni rahisi. Fungua kamusi ya Kernewek. Upendo ni "kerensa", siku ni "dydh". Hakuna namna ya kulipata Loveday humo. Ni Kiingereza, cha zamani sana, na kwa hiyo maana yake lazima itafutwe katika Kiingereza cha wakati ule, si cha leo.

Lipime neno kwa wakati wake

Hapa ndipo nilipokaa siku nyingi zaidi, na ndipo nakuomba nawe ukae.

Katika Uingereza ya zama za kati, watu waliogombana juu ya mpaka wa shamba, deni au damu walikuwa na njia mbili. Ya kwanza ni hukumu ya mahakama. Ya pili, pande zote mbili zikikubali, ni kupewa siku ya kukaa pamoja na wapatanishi, mara nyingi majirani wenye heshima au mapadri, ili wamalizane wenyewe bila hukumu. Kwa Kilatini cha makarani siku hiyo iliandikwa "dies amoris". Kwa Kiingereza cha watu iliitwa "loveday". Neno "love" hapo halina uhusiano wowote na uchumba. Ni upendo wa majirani wanaorudiana, hali iliyo kinyume cha kushtakiana. Mkusanyo mmoja wa sheria wa siku za Mfalme Henry wa Kwanza, mwanzoni mwa karne ya 12, unasema waziwazi kwamba mapatano huishinda sheria na upendo huishinda hukumu.

Siku maarufu kuliko zote za namna hiyo ilifanyika London tarehe 25 Machi 1458. Miaka mitatu nyuma, mwezi Mei 1455, makundi mawili ya wakuu, la Mfalme na la Mtawala wa York, yalikuwa yamepigana St Albans, na waliouawa waliacha watoto waliotaka kisasi. Mfalme Henry wa Sita akawapatanisha. Upande wa York ukatakiwa kulipa fidia na kugharimia misa za kuwaombea waliokufa, kisha wote wakaandamana hadi kanisa kuu la Mtakatifu Paulo wakiwa wameshikana mikono wawili wawili, adui na adui: Malkia Margaret na Mtawala wa York, na Mtawala kijana wa Somerset, ambaye baba yake aliuawa St Albans, pamoja na Salisbury, mmoja wa waliokuwa upande wa wauaji. Suluhu ile haikudumu. Septemba 1459 panga zilikuwa nje tena. Lakini ukitaka kumwonyesha mtu neno hili lilivyotumika kwa uzito, mwonyeshe mikono ile.

Wasichana, na zamani wavulana pia, walipewa jina Loveday kwa siku hiyo. Mtoto aliyezaliwa siku ya mapatano aliibeba maisha yake yote.

Kuna asili ya pili, na usiifiche kwa kuwa inaharibu hadithi. Kabla ya Wanormani kuivamia Uingereza mwaka 1066 kulikuwa na jina la kiume Leofdæg, yaani "mpendwa" na "siku" yakiunganishwa, kama majina mengi ya Kiingereza cha kale yalivyounganishwa. Baadhi ya watu wenye ukoo wa Loveday leo huenda ukoo wao ulianzia huko. Maoni yangu ni kwamba kwa jina la kike la Cornwall siku ya mapatano ndiyo iliyo nzito, kwa sababu neno lenyewe lilikuwa hai na linaeleweka na kila mtu katika karne zile ambazo jina liliota mizizi. Mwambie mzazi asili zote mbili, kisha mwambie unaegemea ipi na kwa nini.

Rudi nyuma kupitia madaftari

Maana peke yake haitoshi. Mama hakuniuliza tu neno. Alitaka kujua kitukuu wake ameitwa kwa kina nani. Kwa hilo lazima uwatafute wanawake wenyewe, na kanuni ni moja: anza na aliye karibu, rudi nyuma mtu mmoja mmoja, usiruke.

Uandikishaji wa serikali wa vizazi, ndoa na vifo ulianza Julai 1837. Sensa za majina zinapatikana kila miaka kumi kuanzia 1841 hadi 1921. Kabla ya hapo unategemea madaftari ya makanisa, ambayo Thomas Cromwell aliamuru yaanzishwe mwaka 1538, ingawa si kila parokia imehifadhi ya miaka ya mwanzo. Kwa Cornwall kuna kazi kubwa ya watu wa kujitolea, Cornwall OPC (Online Parish Clerks, yaani makarani wa parokia wa mtandaoni), walionakili ubatizo, ndoa na mazishi ya parokia na kuyaweka mtandaoni bila malipo. Na kumbukumbu zenyewe zimehifadhiwa Kresen Kernow, mjini Redruth, katika jengo lililokuwa kiwanda cha bia, lililofunguliwa kwa kazi hii mwaka 2019.

Niliandika "Loveday" kwenye kisanduku cha kutafutia, nikampata bibi. Mama yake bibi hakuonekana. Nikabadili miaka, nikabadili parokia, hakuna. Siku ya tatu nikafungua daftari langu dogo nikaona nilichoandika kwa mkono wangu: Laudi. Nikajaribu Lowdy, na pale pale akajitokeza, amebatizwa, baba yake mchimba madini ya bati. Lowdy ni Loveday. Lovedy ni Loveday. Karani aliandika alichosikia, na kama nisingekunywa ile chai nisingempata.

Kwa hiyo tafuta kwa herufi chache: L, alama ya nyota (inayosimama badala ya herufi zozote), d, alama ya nyota tena, kisha y. Katika maandishi ya karne ya 16 na 17 utakutana na shida nyingine, kwani v iliyo katikati ya neno iliandikwa u, ikawa "Loueday", na u ya mwandiko ule inafanana sana na n. Anayenakili akiteleza, jina linageuka kitu kisichokuwepo duniani. Ukiwa na shaka, iangalie picha ya ukurasa wenyewe. Tazama jinsi karani huyohuyo alivyoiandika n katika maneno mepesi kama "John" na "Ann", ulinganishe.

Mambo mawili zaidi ya madaftari. Hadi 1752 mwaka wa Kiingereza ulianza tarehe 25 Machi, kwa hiyo mtoto aliyeandikwa Februari 1720, kwa hesabu yetu alizaliwa 1721. Na Cornwall ni nchi ya Wamethodisti. Ukimkosa mtu kwenye daftari la parokia, tafuta ya makanisa yao kabla hujakata tamaa.

Kaburini, kama utakwenda, chukua tochi tu. Mawe mengi ya hapa ni ya sleti ya kijivu na maandishi yake ni membamba. Mulika kutoka ubavuni, si kwa mbele, na herufi zitajiinua kwa kivuli chake zenyewe. Usisugue jiwe wala kulipaka chaki. Tulimkuta Lovdi wetu chini ya mti, jina lake likiwa chini ya la mumewe kwa herufi ndogo, ila humo limeandikwa kwa ukamilifu: Loveday. Mkwe wetu akapiga magoti kwenye majani yaliyolowa, kichanga kifuani, akapitisha kidole kwenye herufi moja moja hadi ya mwisho. Hatukuzungumza kwa muda.

Mtafute aliyelitukuza

Kila jina lenye umri lina mtu wa kumbukumbu ya wazi aliyelibeba, na familia inastahili kumjua. Kwa Loveday nampendekeza Loveday Hambly, mjane wa karne ya 17 aliyeishi Tregangeeves, karibu na St Austell. Aliifungua nyumba yake kwa Wakweka, wafuasi wa George Fox waliokataa kupigana vita na kukataa kuapa, wakati ambapo kuwakaribisha kulikuwa hatari. Yeye mwenyewe akawa mmoja wao. Akakataa kulipa zaka ya kanisa la serikali, akanyang'anywa mali, akafungwa jela, na mlango wake haukufungwa. Alifariki mwaka 1682. Mwanamke mwenye jina la siku ya mapatano akawahifadhi watu wa amani. Sikuhitaji kuliongezea lolote nilipomsimulia Mama.

Nenda polepole, hata hivyo, na majina ya watu wa tamthilia na riwaya. Yanalifanya jina lijulikane, lakini hayakuambii lolote kuhusu asili yake.

Litafsiri kwa maana

Sasa rudi kwa wazee wako. Kosa langu la kwanza lilikuwa kutafsiri vipande, upendo na siku, nikavigundisha. Tafuta katika maisha ya watu wako jambo lilelile lililofanyika, kisha ulitaje kwa jina wanalolitumia.

Nilimpigia Mama Ijumaa mchana, nikamweleza habari ya shauri, wapatanishi na siku iliyowekwa. Sikuwahi kufika mwisho. "Suluhu," akanikatiza. "Hiyo ni suluhu." Akasoma papo hapo maneno ya Sura ya Nisaa, wassulhu khayr, na suluhu ni bora. Kisha akanikumbusha siku wajomba zangu walipopatana juu ya shamba la minazi la Pangani baada ya miaka sita ya kutopeana salamu: mkeka ulivyotandikwa barazani, kahawa na halua, na mjomba mkubwa akilia mbele ya wadogo zake. "Angezaliwa mtoto siku ile," akasema, "jina lake lingekuwa hilohilo. Mbona hukuniambia hivyo tangu mwanzo?"

Nikamwomba radhi.

Ya kuandikisha

Kwenye cheti cha kuzaliwa na pasipoti weka tahajia moja, Loveday, hata kama ndugu wa Tanga wataandika Lavdei kwenye meseji zao. Waeleze hao ndugu matamshi mapema, kwa sauti uliyorekodi, la sivyo watasoma herufi zote na mtoto atakua na majina mawili. Kwa kuwa Loveday ni jina la ukoo pia, kwenye kila fomu hakikisha limekaa kwenye nafasi ya jina la kwanza. Makarani hulihamisha kwa nia njema. Na ukitaka kujua limekuwa adimu kiasi gani, idara ya takwimu ya taifa hutoa kila mwaka orodha ya majina ya watoto wa England na Wales, ila haiyaonyeshi yaliyopewa watoto chini ya watatu. Kukosekana kwenye orodha hakumaanishi kwamba hakuna aliyepewa.

Mwisho, andika yote uliyoyapata kwenye karatasi moja: majina, miaka, parokia, na nani alikuambia nini. Ya kwetu ina wanawake wanne wenye jina hili, kuanzia Lowdy hadi kichanga. Nakala moja imekunjwa pamoja na cheti cha kuzaliwa. Nyingine niliituma Tanga kwa Kiswahili, na Mama ameiweka ndani ya msahafu. Akipiga simu siku hizi humuulizia mtoto kwanza, na humwita kwa jina la nyumbani alilomchagulia mwenyewe: Suluhu.